Ndama wa Chumba cha Kimya

Mvua ya Tukuyu haina adabu. Inanyesha asubuhi, inanyesha mchana, ikichoka inanyesha kidogo, na kila inapogonga bati la Kituo chetu mwale wangu wa leza unaruka kwenye skrini na kipimo kinaharibika. Nimeomba dari ya maana tangu mkuu wetu hajaota mvi. Nikaletewa sponji. Nikaomba tena, nikaletewa kikao.

Mimi ni Gwantwa Mwasomola, mtu wa fizikia ya leza. Kazi yangu katika Kituo cha Mwanga na Mwendo ni kuhakikisha mwanga unaingia kwenye kichwa cha mtoto mchanga pale unapotakiwa kuingia, na hauendi kuzurura pengine. Watu wanaiita kupigwa mwanga. Siku hizi mwanamke akijifungua, hata uji hajanywa, jirani ameshafika mlangoni: "Vipi, mtoto mmeshampiga mwanga?" Tulianza na watoto walioumia ubongo wakati wa kuzaliwa, wale ambao wasingeketi wala kutembea maisha yao yote. Sasa wenye nafasi zao wanapanga foleni na watoto wazima kabisa, eti watembee kabla ya wa jirani.

Jumanne ile niliamka na hasira zangu za kawaida. Mashine ilikuwa imejizima yenyewe kabla sijamaliza chai. Nikatoka uani na kikombe changu kupunga upepo, nikamkuta Mama Ipyana anashuka kwenye bajaji na mwanawe.

Ipyana ndiye mtoto wetu wa kwanza. Picha yake iko ofisini kwa Profesa Ambokile, mkuu wa Kituo na daktari wa neva za watoto wachanga. Iko kwenye kalenda, iko mpaka kwenye vikombe vya wageni. Alizaliwa hajalia, rangi imemtoka, na mama yake akaambiwa asitegemee hata kumwona amekaa. Tukampiga mwanga. Kabla ya kuota jino alikuwa anatembea. Sasa ana miaka miwili na anakimbia kunishinda mimi, ingawa hilo si la kujivunia.

"Shikamoo, Dokta."

"Marahaba, Mama Ipyana. Mmeamkaje na mvua hii?"

"Tumeshaizoea. Ndaga fijo, asante sana kwa kutuita, nilikuwa natafuta siku ya kuja."

Akamweka mtoto chini apate kukunja mwavuli. Ipyana akaanza kwenda. Alikwenda tu, hatua nzuri, zimepangika, kuelekea kwenye josho, lile shimo refu la dawa ambamo ng'ombe wa Kituo huogeshwa kupe.

"Ipyana!" mama yake akaita. "Ipyana, rudi baba! Ipyana!"

Mtoto hakugeuka. Mtoto mtundu ukimwita anaongeza mbio, anacheka, anakuibia jicho aone kama unamfuata. Huyu hakuongeza mwendo wala hakupunguza. Nilitupa kikombe nikatimua mbio na magoti yangu haya mabovu, nikamdaka ukingoni, kandambili yake moja imeshaelea kwenye dawa. Nikamnyanyua. Na pale mikononi mwangu, juu juu, miguu yake iliendelea kutembea.

"Ndivyo alivyo," Mama Ipyana akasema alipotufikia. Alikuwa anahema, lakini hakushangaa, na hilo ndilo lililonitisha. "Nyumbani nimezungushia uzio. Masikio mlimpima mkasema ni mazima, na kweli, ukidondosha kijiko anashtuka. Ila kumwita, Dokta, mimi nimeacha. Namfuata tu."

"Profesa unamwambiaga?"

"Nilimwambia. Akasema wavulana ndivyo walivyo."

Wavulana ndivyo walivyo! Mtu amesoma mpaka nywele zimekimbia, halafu hilo ndilo jibu.

*

Siku hiyo sikufanya kazi nyingine. Nilikaa na simu nikawatafuta mama wa watoto wetu wote waliopigwa mwanga. Nilikuwa nauliza jambo dogo: ukimwita anakuja? Mmoja akacheka, akasema wake ana kichwa kigumu, amemrithi babu yake. Mwingine akasema wake hana shida na mtu, anajitegemea. Mwingine akaniuliza, "Kwani na wengine wako hivyo?" Nikakata simu nikakaa nimeshika kichwa.

Alasiri nikateremka zizini kwa Lwitiko, mtaalamu wetu wa mwendo wa wanyama. Ni mpole, anaongea na ng'ombe vizuri kuliko anavyoongea na sisi. Nilimkuta mlangoni anaita ng'ombe kukamuliwa. Kwetu ng'ombe ana jina lake na analijua. Lwitiko akasema "Sabuni!" na Sabuni akatoka kwenye kundi akaja. Akasema "Bi Harusi!" na Bi Harusi akaja kwa maringo yake yote. Halafu akatungua kamba ukutani.

"Hiyo kamba ya nini?"

"Ya hawa wakaidi, dada. Hawaitikii, mpaka niwavute."

"Wakaidi wepi?"

"Wale tuliowapima walipozaliwa. Wa Chumba cha Kimya." Alikuwa anafungua fundo huku anasema, hana habari. "Tangu wakiwa ndama wako hivyo. Wanatembea vizuri sana, lakini ukiwaita ni kama unaita jiwe."

"Wote?"

Mikono yake ikasimama kwenye lile fundo. Akanitazama. Nikamweleza habari za Ipyana na josho, na za simu nilizopiga, na wakati naeleza nilimwona anakaa taratibu kwenye ndoo ya maziwa bila kuangalia kama ina kitu.

Hebu nieleze hapa, maana ndipo kichwa kilipoanza kuniuma. Ndama anasimama kabla mama yake hajamaliza kumlamba. Mdundo wa kutembea anazaliwa nao. Mtoto wa binadamu hazaliwi nao, anaujenga polepole, na ubongo ukiumia mapema haujengi kitu. Kituo kiliamua kuazima. Tunammulika ndama kwa leza anaposimama mara ya kwanza, na mwale ukirudi unatuambia kila msuli umetetemeka vipi. Mtetemo huo tunaugeuza kuwa mapigo ya mwanga, na mapigo hayo tunayapitisha kwenye utosi wa mtoto, pale mfupa haujafunga. Ziba kurunzi kwa kiganja gizani uone mwanga unavyopenya mwekundu. Ndivyo unavyopenya pale. Ubongo mchanga unausikiliza mdundo, unaushika, unaufanya wake. Utosi ukishafunga, basi tena.

Sasa tabu ya leza ni kwamba inapokea kila kitu. Ng'ombe akilia zizini mwale unaruka. Mvua hiyo usiseme. Profesa Ambokile, ambaye hawezi kumaliza kikao bila kusema "data safi", akajenga Chumba cha Kimya: kuta za sponji, nyasi juu ya bati, mlango mzito. Ndama anachukuliwa kwa mama yake akiwa bado na maji ya uzazi, anaingizwa humo, anasimama peke yake. Niliomba nitengeneze mwale wa kuvumilia kelele, tumpime ndama palepale zizini mama yake akiwepo. Nikaambiwa huo ni uchafu.

"Dada Gwantwa," Lwitiko akasema, "ndama zizini hasimami kwa kupenda kusimama. Mama yake anamwita. Anaguna ile sauti ya chini, ndama anaitafuta inatoka wapi, ndipo anainuka aende. Kuitwa na kuinuka kwake ni kitu kimoja. Sisi tumechukua kuinuka, kuitwa tukakufungia mlango nje."

"Na wewe miaka yote hii unaona hawaji, unachukua kamba."

"Nilidhani ni kwa vile wamekunywa maziwa ya chupa."

"Ulidhani!"

"Wewe ulidhani nini, dada? Umewahi kuja hapa saa za kukamua?"

Hapo alinibana. Nikachukua kamba ya pili tukaenda kuwavuta wale ng'ombe, maana maziwa hayasubiri mtu amalize kugombana.

*

Profesa Ambokile si mtu mbaya, na hilo ndilo linalonichosha. Mtu mbaya unamkasirikia unamaliza. Huyu amekesha na watoto wa watu wodini mpaka akasahau harusi ya binti yake. Alinisikiliza ofisini kwake mpaka mwisho, anakoroga chai ambayo sukari ilikuwa imeshayeyuka zamani.

"Masikio ya Ipyana ni mazima, Gwantwa."

"Sijasema masikio. Nimesema hageuki akiitwa. Hakuna hata mmoja anayegeuka."

"Umepiga simu, umeuliza maswali ya mtu mwenye hofu, umepata majibu ya watu wenye hofu. Hiyo siyo data."

"Njoo zizini basi, uone."

"Ijumaa tunaye Atupele," akasema, akaweka kijiko chini. "Umemwona Atupele?"

Nimemwona. Ana miezi minne. Ngumi zimefumbwa haziachii, miguu imekakamaa. Mtoto wa umri ule ukimlaza chali hatulii, mwili mzima unachezacheza, vijimwendo vidogo ambavyo mama mtu hata havioni kwa kuvizoea. Daktari wa neva anavitafuta hivyo kabla ya kitu kingine. Atupele hana hata kimoja. Na utosi wake unafunga mapema. Ukipapasa unakuta kishimo kidogo tu kimebaki, na kila wiki kinapungua.

"Leza yako ya zizini itakuwa tayari lini?" Profesa akaniuliza. "Mwakani? Utosi wa Atupele utakusubiri mwakani? Au unataka nimnyime mtoto miguu kwa sababu ng'ombe hawaji kukamuliwa?"

Jibu la swali hilo nimejaribu kulitafuta tangu siku hiyo, na kila ninapolipata linageuka kuwa swali lingine.

"Basi tumwambie mama yake," nikasema. "Achague mwenyewe."

"Achague nini? Utamchanganya mwanamke wa watu kwa jambo ambalo hata wewe huna hakika nalo. Na wageni wa bodi wanakuja Ijumaa hiyohiyo kumwona. Hapana. Hilo nakukataza, Gwantwa, na nakukataza kama mkuu wako."

Nikamwambia nimesikia. Kusikia, nilisikia.

*

Mama yake Atupele anaitwa Tumpe. Ni fundi cherehani wa kule Kiwira, msichana mwembamba mwenye macho ya mtu asiyelala. Nilimkuta kwenye kibaraza cha nyumba ya wazazi, ndani ya Kituo, mtoto amelala mapajani, jua limechomoza kidogo kwa bahati. Nikakaa kwenye benchi nikamweleza yote. Sikuremba, maana sijui kuremba.

Tumpe akainama juu ya mtoto. "Atupele."

Mtoto alikuwa anatazama upande wa pili. Shingo yake dhaifu ikaanza kuzunguka, kwa taabu, shavu linaburuzika kwenye khanga, mpaka macho yakampata mama yake. Alipompata akacheka ufizi wote nje.

"Hicho ndicho kitu anachokiweza," Tumpe akasema. "Hashiki, hajigeuzi. Ila nikimwita, ananitafuta mpaka anipate. Na nyie mkimpiga mwanga hatanitafuta?"

"Sina hakika. Wenzake hawatafuti."

"Na asipopigwa?"

"Hataketi. Hatatembea. Utambeba."

"Mpaka lini?"

Nikatazama migomba ng'ambo ya uzio.

"Kumbeba nitambeba," akasema. "Mgongo ninao. Na mimi nikifa? Baba yake alimwona siku moja, akasema anakwenda kununua dawa, mpaka leo yuko dukani. Nani atambeba, Dokta?"

"Ningekuwa mimi..."

"Wewe si mimi, Mama." Alisema bila ukali, kisha ukali ukaja. "Kwa nini umeniambia? Eh? Jana nililala. Jana nilikuwa namshonea suruali kichwani mwangu, ya kamba mbili, ya kuanzia shule. Leo umekuja na ng'ombe zako. Ungeninyamazia tu!"

"Ningekunyamazia ungekuja kujua mwenyewe, kama Mama Ipyana alivyojua."

"Ningejua na mtoto anatembea!"

Akaanza kulia. Nilitaka kumshika bega nikaona sistahili. Tukakaa hivyo hivyo, watu wawili wenye hasira kwenye benchi moja, na mtoto katikati anamcheka mama yake, hajui analiliwa yeye.

Alipofuta uso nikamwambia jambo nililokuwa nimelifikiria njia nzima. Mwanga hatuupigi wote kwa pamoja. Unapigwa kwa mizunguko mitano, na kati ya mzunguko na mzunguko mashine inapumzika.

"Kila ikipumzika, utamwita," nikasema. "Ukiona anaanza kukupotea, sema basi, nami nitazima. Lakini nisikilize vizuri, mwanangu. Nikizima katikati, na miguu itabaki hapo hapo katikati. Hakuna kurudi kumalizia, utosi hautaturuhusu."

"Na nisiposema kitu?"

"Nitakwenda mpaka mwisho."

Akamweka mtoto begani, akampigapiga mgongoni. "Na atakayesema ni mimi. Siyo wewe, siyo yule Profesa."

"Ni wewe."

*

Ijumaa mvua ilikuja na mawe. Wageni wa bodi walikuwa ukumbini na sambusa zao, wamewashiwa skrini kubwa waone mdundo wa mtoto moja kwa moja. Profesa Ambokile alikuja amevaa tai. Alipomkuta Tumpe ndani ya chumba cha mwanga, ameketi kando ya kitanda, akaniita pembeni.

"Wazazi wanakaa nje."

"Huyu anakaa ndani. Na kati ya mizunguko ataita."

"Umemwambia." Hakuuliza. Uso ukambadilika. "Nilikukataza, na umemwambia."

"Leseni ya kuwasha leza ya tiba hapa ninayo mimi peke yangu, Profesa, na ufunguo uko shingoni mwangu. Unaweza kutafuta mtu mwingine, labda Dar es Salaam yuko. Utosi wa mtoto unajua wewe mwenyewe umebaki kiasi gani."

"Unanitisha?"

"Ndiyo."

Alinitazama kama vile hanijui, baada ya miaka yote ya kula naye ugali wa kantini. Halafu akalegeza tai akasimama ukutani. Lwitiko alikuwa kwenye skrini, kazi yake kulinganisha mdundo wa mtoto na wa ndama. Nikamvisha Atupele kofia, nikalenga kile kishimo, nikageuza ufunguo.

Mzunguko wa kwanza hauna cha kuona. Mwanga wenyewe hauonekani kwa macho. Lakini ulipokwisha, ngumi ya kulia ya Atupele ilifunguka, vidole kimoja kimoja, kwa mara ya kwanza tangu azaliwe.

"Ee Mungu wangu," Tumpe akasema. Kisha akakumbuka. "Atupele."

Akageuka, akacheka.

Mzunguko wa pili, mguu wa kulia ukaanza. Ulikunjuka, ukapiga, ukakunjuka. Mama yake akaushika wayo ukampiga kiganjani, akawa anacheka na kulia kwa pamoja. Akaita. Mtoto akageuka. Nilimwona Profesa ananiangalia, uso wake unasema unaona sasa, mwenye ng'ombe.

Baada ya mzunguko wa tatu kiuno kilikuwa kimelegea, shingo imepata nguvu, na mguu wa kushoto umeanza kufuata wa kulia kwa kusuasua. Tumpe akaita. Macho ya Atupele yalibaki kwenye dari. Yalibaki hapo, halafu yakaja.

"Amechoka," Profesa akasema. "Mtoto yeyote angechoka."

Inawezekana. Sikubisha. Nikamtazama Tumpe, naye akaitikia kwa kichwa kwamba niendelee.

Wa nne ndio ulionitoa jasho. Kwenye skrini ya Lwitiko mistari miwili, wa ndama na wa mtoto, ilianza kukaribiana mpaka ikawa inapandana. Jamani, nimefanya kazi hii maisha yangu yote. Sijawahi kuona mdundo mzuri namna ile. Mguu wa kulia ulikuwa mguu wa mtoto mzima kabisa. Wa kushoto ulikuwa unajitahidi, bado unaburuza kisigino. Ukumbini tukasikia wageni wanapiga makofi.

"Atupele," Tumpe akaita.

Kimya.

"Atupele."

Miguu inapiga, macho yako juu. Uso umetulia, hautaki kitu kwa mtu. Nilishaiona sura hiyo, ukingoni mwa josho.

Tumpe hakupaza sauti. Alisogea sikioni kwake akaguna kitu, silabi za jina lake zimekatika, kama anavyomwita wakiwa wawili. Tukangoja. Mvua ilikuwa inapiga bati na nikatamani kupanda juu nikaizime kwa mikono yangu. Halafu shingo ile ikasogea, ikasita, ikasogea. Macho yakatangatanga usoni kwa mama yake, yanamtafuta, yanampita, yanarudi. Tabasamu lilikuja mwisho kabisa, na lilikuwa dogo.

"Umebaki mzunguko mmoja, mama," Profesa alisema. Sauti yake haikuwa ya mkuu wa Kituo. Ilikuwa ya daktari, na alikuwa anasihi. "Mmoja tu. Mguu wa kushoto haujakamilika. Ukiacha hapa ataketi, ndiyo, atasimama, lakini atauburuza mguu ule maisha yake yote. Atahitaji fimbo. Watoto watamcheka shuleni. Mmoja tu, akimbie."

Kila alilosema lilikuwa kweli. Na mimi, niliyekuwa nimepiga kelele wiki nzima, nisikilizeni: nilitaka kumaliza. Kidole changu kilikuwa kwenye kitufe na ile mistari kwenye skrini ilikuwa inaniita. Niliuma ulimi ili nisimwambie aendelee.

Tumpe alitazama mguu wa kushoto. Akaushika, akaunyoosha, akaupima kwa kiganja toka nyonga mpaka kisigino, kama anampima mtu suruali. Akakaa ameushika hivyo.

"Basi," akasema.

"Mama, labda hujanielewa..."

"Nimekuelewa, Profesa. Shikamoo yako. Basi. Zima, Dokta."

Nikageuza ufunguo. Ukumbini mazungumzo yakakatika, skrini yao imekuwa nyeusi.

Profesa Ambokile alikaa ukutani mpaka mashine ikapoa. Halafu akanijia, akasema taratibu, mama asisikie: "Nusu, Gwantwa. Tulikuwa na uwezo wa kumpa mtoto kitu kizima, umempa nusu. Siku akianguka njiani na fimbo yake, nitakukumbuka."

"Na Ipyana akiingia joshoni, nitakukumbuka."

Akatoka kwenda kwa wageni wake. Sikujisikia nimeshinda. Nilijisikia nimechoka, na bado foleni ya watoto wazima ilikuwa mlangoni, na Chumba cha Kimya kilikuwa palepale na nyasi zake juu ya bati. Lwitiko alizima skrini akasema anakwenda zizini, kuna ng'ombe wa kuzaa leo. Akasema safari hii ndama habanduki kwa mama yake, atakayemtaka akampime pale pale kwenye kelele. Nikamwambia nitakuja na mwale wangu mchafu.

Tumpe alikuwa anajifunga kitenge mlangoni. Mvua ilikuwa imepungua kidogo. Akanipa mtoto nimshikie apate kufungua mwavuli, akatoka hatua chache mpaka nje ya baraza. Atupele alikuwa mzito kuliko nilivyotegemea. Mguu wa kulia ulikuwa unanipiga ubavuni, kwa mpangilio, na wa kushoto umening'inia, unashtuka mara moja moja. Kichwa chake nilikuwa nimekipakata kiganjani, uso umetazama kifua changu.

"Atupele," mama yake akaita kutoka kwenye mvua.

Hakuna kitu. Mguu unapiga. Nikafumba macho.

"Atupele, baba."

Alichelewa mno, mpaka nikataka kumwambia mama yake asiite tena. Halafu nikahisi kichwa kinasogea kiganjani mwangu, kinazunguka polepole, kinatafuta, kuelekea kule sauti ilikotoka.

"Haya," Tumpe akasema. "Mlete."